Masinia Yaliyotangulia

Mgange,
3 Juni 1974

Dada Tryphena mpendwa,

Pokea salamu za huku kwenye ukungu. Sisi wazima. Mama magoti yanamsumbua lakini shambani bado anashuka, na Baba ni yule yule.

Sasa kaa chini kabla hujaendelea kusoma. Wazee wa Donald wamekuja, wameongea na Baba, yamekwisha. Harusi ni Jumamosi tarehe 24 Agosti. Ni yule yule Donald mwalimu wa Mwatate, mwenye baiskeli na ndevu za kuhesabika, na usinicheke. Baba yake ni kasisi, kwa hiyo watu watakuwa wengi na wengi wao wa kanisani.

Nina ombi. Unakumbuka mwaka juzi nilipokuja Voi, ukanipitisha mlango wa jikoni pale hotelini kwenu? Niliona masinia mliyokuwa mmewapangia watalii. Karoti zimekatwa nyembamba kama vidole, matango, figili zimechongwa maua, majani ya saladi yametandikwa chini, vyote vibichi na vyote vinang'aa. Nilisahau hata kukusalimia. Vitu hivyo tunavilima hapa nyumbani maisha yetu yote, tunavipakia kwenye lori viende Mombasa, na sijawahi kuviona vikiwa vizuri namna ile. Hapa kabichi ikitoka shambani inaenda sufuriani, basi.

Nataka masinia kama yale kwenye meza kuu siku yangu. Wakwe waone na sisi tunajua mambo. Utaweza, Dada? Najua ni kazi.

Mdogo wako,
Wakesho


Voi,
11 Juni 1974

Mdogo wangu Wakesho,

Barua yako niliisoma nikiwa nimesimama pale pale posta, nikaisoma tena njiani, nikaisoma tena jikoni mpaka Mutindi, tunayefanya naye kazi, akaninyang'anya akidhani kuna msiba. Nilikuwa nalia. Nikamwambia ni harusi. Akasema basi nilie mbali na siki.

Nadhani hujui ulichoniandikia. Umeniita nyumbani. Tangu siku ile Baba aliposimama kanisani akalisoma jina langu kwa mdomo wake mwenyewe, kwamba Tryphena binti yake ameolewa mke wa pili na amezuiwa Meza ya Bwana, sijakanyaga Mgange. Nilimlaumu sana, halafu nikaacha. Yeye ni mzee wa kanisa. Angewezaje kumsoma binti wa jirani na kumficha wake? Lakini usiku nikilala naota ule uwanja wetu, na Mama anafagia. Sikuulizi Baba amesema nini. Kama umeniandikia, basi amekubali, na hilo linanitosha.

Mume wangu Kituku hatakuja. Amesema mwenyewe, nitangulie mimi, yeye hana haraka ya kutazamwa. Wiki hiyo atakuwa Kibwezi kwa mke wake mkubwa, mama Nzembi, na watoto, kwa hiyo hata ruhusa sihitaji kuomba.

Sasa tuongee kazi. Karoti na figili hukatwa siku moja kabla, zikalazwa kwenye maji baridi, na zinazidi kuwa ngumu na tamu. Majani ya saladi yanaoshwa, yanakung'utwa maji, yanafungwa kwa kitambaa kilicholowa. Matango ni asubuhi. Nyanya na vitunguu ni mwisho, na ndimu na chumvi ni mwisho wa mwisho, watu wakiwa wamekaa. Kwa hiyo nitapanda Ijumaa na lori la Musyimi likirudi tupu baada ya kushusha kabichi stesheni. Nitalala jikoni na Mama, na Jumamosi nitamalizia hapo hapo.

Nimenunua kitambaa cha kijani. Nashona gauni mwenyewe kwa mkono maana cherehani ya jirani imeharibika.

Dada yako mwenye furaha,
Tryphena


Mgange,
2 Julai 1974

Dada mpendwa,

Asante kwa kukubali. Mama alitaka nimsomee barua yako mara mbili, halafu akatoka kwenda kutafuta kuni, na kuni zilikuwa zimejaa jikoni.

Nimekuwa nikifikiria uchovu wako. Utoke kazini Ijumaa, upande lori, ulale kwenye moshi, uamke kukata mboga, kwa nini? Je, hakuna namna ya kumaliza kila kitu huko huko Voi, hata ndimu na chumvi, ukampa Musyimi mzigo akaleta? Huko mna friji na barafu. Hapa patajaa mpaka sijui watu watalala wapi. Shangazi Mkawasi ndiye mkuu wa jiko, anakuja na wanawake wake wote, na unaujua mdomo wake. Sitaki akuudhi.

Fikiria tu. Mimi najali afya yako.

Wakesho


Voi,
14 Julai 1974

Wakesho,

Afya yangu ni nzuri, asante. Nimebeba masufuria makubwa kuliko Shangazi Mkawasi, na mdomo wake nimeukosa miaka hii yote mpaka nautamani.

Unauliza kama chumvi inaweza kutangulia. Haiwezi. Nilipoanza kazi hapa nilidhani ni maringo ya wazungu. Siku moja kulikuwa na kundi kubwa la watalii, nikasema ngoja nimalize mapema nipumzike. Nikakata nyanya, vitunguu na matango asubuhi, nikatia chumvi na ndimu, nikafunika. Mchana nilipofunua nilikuta mchuzi. Kila kitu kimelegea, kinaogelea. Mpishi mkuu hakunigombeza, alinipa kijiko na kuniambia ninywe. Toka siku hiyo najua mboga mbichi inaweza kuoshwa mapema, kukatwa mapema, kufungwa mapema, lakini mwenyewe lazima awepo mwisho. Hakuna ujanja.

Kwa hiyo acha kunihurumia. Kulala, nitalala popote, hata nimekaa. Mwambie Mama asiniwekee kitu maalumu, kimanga tu cha mihogo na maharagwe, na aache kidogo kiungulie chini ya chungu kama nilivyokuwa nikipenda.

Gauni limefika mikono. Mkono wa kushoto umekataa kulingana na wa kulia lakini nikiwa nimeinama kukata mboga nani ataona?

Mbona barua yako fupi? Bibi harusi anatakiwa kuwa na maneno mengi.

Tryphena


Mgange,
5 Agosti 1974

Dada,

Barua hii nimeianza na kuichana mpaka daftari limepungua.

Kabla sijakuandikia ile ya kwanza nilimwuliza Baba. Alikuwa ananoa jembe nyuma ya nyumba. Nilimwambia nataka Tryphena anitengenezee mboga kama za hotelini. Akasema, "Chakula hakina dhambi. Masinia na yaje. Yeye asikanyage uwanja wangu mbele ya watu."

Nilichukua ile nusu ya kwanza nikaiandika. Nusu ya pili niliiacha nikijua kwamba Baba anapenda kusema makali na kulainika baadaye. Ukaandika umefurahi, nikashindwa. Ndiyo maana nikakuuliza habari za chumvi. Nilikuwa natafuta njia ya mboga kuja bila wewe, na bila wewe kujua kwamba hutakiwi.

Jana nimemwuliza tena, nikapiga magoti. Amesema akikuketisha pale na baba yake Donald ameketi, basi Jumapili lazima auweke chini uzee wa kanisa, na labda kasisi ataondoka na mtoto wake. Hakupaza sauti. Mama alikuwepo anachambua maharagwe. Aliendelea kuchambua.

Nisamehe. Kama hutatuma kitu nitaelewa, na meza kuu itakaa na sufuria kama meza nyingine.

Wakesho


Voi,
21 Agosti 1974

Wakesho,

Sikukujibu mapema kwa sababu kila nilichoandika kilikuwa matusi, na bibi harusi hatukanwi.

Moyo wangu umevunjika, nakuambia hivyo bila kuzunguka. Kukatazwa nilishazoea. Lakini umeniacha nikashona gauni. Umeniacha nikalitangazia jiko zima kwamba naenda nyumbani, mpaka mpishi mkuu akanipa Ijumaa na Jumamosi na kisu chake kizuri cha kuazima. Ungeniambia Juni, ningelia Juni, na sasa ningekuwa nimenyamaza.

Mboga zitakuja. Wewe unaolewa mara moja. Musyimi atalala Voi Ijumaa, atapita hotelini Jumamosi alfajiri kabla ya jua, na mtapokea masinia na kapu la mboga kabla hamjaenda kanisani. Fanyeni hivi.

Kapu lililofunikwa gunia bichi msilifunue, na msiliweke juani. Liwekeni chini kwenye sakafu ya stoo, upande wa mlimani, pale panapokuwa na baridi. Gunia likianza kukauka, nyunyizeni maji. Mkitoka kanisani ndipo mpange. Tandikeni majani ya saladi kwanza, makubwa yatokeze nje ya sinia. Karoti upande mmoja, matango upande mwingine, koliflawa katikati. Maua ya figili yatakuwa kwenye bakuli la maji lenye kifuniko, nitayachonga Ijumaa ili yapate usiku mzima wa kufunguka. Msiyashike sana.

Nyanya na vitunguu sitavikata. Atakayekata awe na kisu kikali. Ndimu na chumvi vitiwe wakati watu wameshaombea chakula, sio kabla. Mwenye kutia anawe mikono, atie kwa vidole, kidogo kidogo, aonje. Hapo ndipo nilipotaka kusimama mimi. Mpe Mama hiyo kazi.

Uolewe vizuri, mdogo wangu. Mume wako awe wako peke yako. Mimi najua kwa nini nakuombea hilo.

Tryphena


Mwatate,
3 Septemba 1974

Dada mpendwa,

Sasa naandika nikiwa bibi wa mtu. Nyumba yetu ya mwalimu ina vyumba viwili na paa la mabati linalopiga kelele jua likitoka.

Harusi ilikwenda vizuri kupita nilivyoomba. Mvua haikunyesha. Na masinia yako, Dada, natamani ungeona. Yalikaa pale meza kuu na watu wakawa wanasogea kuangalia tu, hawataki kugusa. Mama yake Donald aliuliza mara mbili maua yale ni ya nini. Kasisi alikula karoti tatu. Na Baba, sikia hili, Baba alichukua tango, akatafuna polepole, akauliza, "Mkono huu ni wa nani?" Akaambiwa ni wa Tryphena. Alichukua lingine.

Nilitaka ujue hilo. Kazi yako haikupotea.

Nakupenda sana, Dada yangu. Donald anakusalimu.

Wakesho


Voi,
12 Septemba 1974

Wakesho wangu,

Jana nilikuwa mgonjwa, leo nimepona. Barua yako ndiyo dawa.

Alichukua lingine. Nimekaa na maneno hayo siku nzima. Nilipokuwa naosha saladi yalikuwepo, nilipokuwa napanda kitandani yalikuwepo. Kituku amerudi kutoka Kibwezi nikamsomea, akacheka, akasema baba mkwe wake ni mtu wa kutongozwa kwa tango. Nilimpiga na kitambaa.

Unamjua Baba. Hawezi kuandika barua aseme njoo. Hajawahi kumwambia mtu pole maishani mwake, hata Mama alipovunjika mkono alimletea tu kuni. Kwa Baba, kuuliza "mkono huu ni wa nani" mbele ya watu, akajibiwa, na akala tena, huo ni mlango umefunguliwa. Sasa nikikaa nikingoja atamke, nitakuwa mimi ndiye mwenye kiburi.

Kwa hiyo naenda. Jumapili tarehe 22 nina mapumziko. Nitapanda asubuhi, nifike watu wakitoka ibadani. Usihangaike kunijibu, barua haitanikuta. Nitavaa lile gauni la kijani, mikono yake na iwe ilivyo.

Ukienda kwa Mama kabla yangu usimwambie. Nataka nimwone akishtuka.

Dada yako,
Tryphena


Voi,
2 Oktoba 1974

Wakesho,

Nilienda.

Nilifika wazee wanne wa kanisa wamekaa uwanjani na Baba, wanakunywa chai. Nilisimama pale kwenye ua wa michongoma. Baba aliniona, akaweka kikombe chini, akaja mwenyewe. Amezeeka, Wakesho. Hukuniambia kwamba amezeeka. Nilimsalimu, akaitikia. Nikamwambia, "Baba, nimekuja kwa sababu ulikula mkono wangu harusini, ukauliza ni wa nani."

Akaniuliza, "Nilikula nini?"

Nikasema, mboga. Masinia ya meza kuu. Akafikiri. Baba hasemi uongo, wewe na mimi tunajua, alikuwa anatafuta kweli kichwani. Akasema meza kuu haikuwa na sinia. Kulikuwa na mchuzi wa nyama uliotiwa kabichi na karoti nyingi, na ulikuwa mtamu, na ndani yake vitu vyeupe laini ambavyo Mkawasi alisema vimetoka Voi. Akaniambia, "Zilipikwa, mwanangu." Aliniambia polepole, kama vile anamwambia mtu kwamba ng'ombe wake amekufa.

Halafu akasema niende kabla wazee hawajaanza kuuliza. Hakunifukuza kwa ukali. Aliniita mwanangu na akanifukuza kwa neno hilo hilo.

Mama alikuwa mlangoni mwa jikoni. Sikuwa nimemwona. Nilipogeuka tukatazamana, nikainua mkono. Aliingia ndani, akafunga mlango. Ule mlango haujawahi kufungwa mchana tangu nizaliwe.

Miaka yote nilidhani ni Baba peke yake.

Nilishuka kwa miguu mpaka barabara ya Wundanyi maana sikutaka mtu anipakie akaniuliza natoka kwa nani. Swali langu ni moja. Kwa nini ulinidanganya?

Tryphena


Mwatate,
28 Oktoba 1974

Dada,

Sina pa kuuficha uso wangu. Nimekaa na barua yako mpaka Donald ameuliza kama nina mimba, maana siwezi kula.

Nitakuambia ilivyokuwa, na mara hii sipunguzi wala siongezi. Musyimi alileta kapu mapema kama ulivyosema. Bibi harusi hatoki nje, unajua, nilikuwa nimefungiwa chumbani na wasichana wananisuka. Barua yako ya maelekezo nilimpa Shangazi Mkawasi, na nilisahau kabisa kwamba hasomi. Aliiweka kifuani akasema nisiwe na wasiwasi. Mama alikuwa amepelekwa kanisani mapema kukaa na mama yake Donald, Baba alitaka hivyo. Kwa hiyo jikoni hakukuwa na mtu aliyejua.

Shangazi alifunua gunia, akaona mboga zimeoshwa, zimemenywa, zimekatwa vizuri hivyo, akamshukuru Mungu. Aliwaambia wenzake, "Tryphena ametupunguzia kazi, wacheni mtoto abarikiwe." Wakazimimina zote kwenye nyama. Maua ya figili pia. Angefanya nini kingine, Dada? Nani hapa ameshawahi kuona karoti iliyokatwa ikaliwa bila kuona moto? Jioni nzima alikuwa anakusifu, kwamba bila wewe tungekula usiku. Nilipotoka kanisani na kukaa meza kuu ndipo nilipoiona figili kwenye sahani ya kasisi, imelegea, na yeye anaisogeza pembeni akidhani ni gegedu. Nilicheka, halafu nikalia, na watu wakasema kila bibi harusi hulia.

Ningekuandikiaje hayo? Ulikuwa umeshanyimwa kuja. Nilisema angalau apewe furaha ndogo, haitamdhuru mtu. Sikufikiri kwamba ungeiamini mpaka ukapanda mlima.

Nimemwuliza Mama habari ya mlango. Anasema alifunga ili wazee wasimwone akilia. Ndivyo alivyosema, mimi sikuwepo.

Nataka kurekebisha. Jumamosi tarehe 16 Novemba kasisi anakuja kubariki nyumba yetu, na Baba na Mama watakuwepo, na walimu wa shule, na majirani. Wewe njoo Jumatano kabla yake, tarehe 13. Donald atakuwa darasani. Tutakuwa wawili tu, tutaongea mpaka tuchoke, utalala, na Alhamisi utarudi. Na ukipenda unifundishe kupanga masinia, nikuonyeshe kwamba safari hii nitasimama mwenyewe na hakuna atakayeyapika.

Tafadhali njoo.

Mdogo wako,
Wakesho


Voi,
6 Novemba 1974

Mdogo wangu,

Hasira imeniishia nguvu. Shangazi Mkawasi sina neno naye. Hata mimi kabla ya kuajiriwa hapa ningezipika, na ningeongeza nazi. Nilipofika mahali pa kasisi na gegedu, nilicheka mpaka Mutindi akaja kuangalia, na kisha mimi pia nikalia kama ulivyolia wewe.

Uongo wako nimekusamehe. Ulinipa siku chache nzuri ambazo sikuwa nazo. Ule mlango wa Mama bado sijui niufanye nini. Nataka kuamini alivyokuambia. Siku nyingine naamini, siku nyingine siamini.

Lakini Jumatano, Wakesho. Nimeisoma hiyo Jumatano mara nyingi kuliko yote.

Baba ana kanisa. Ana jina langu alilolisoma mwenyewe, na uzee wake, na hawezi kurudi nyuma bila kuangusha kitu. Nalia juu yake lakini namwelewa. Wewe huna hayo. Nyumba ni yako na mume wako. Hakuna aliyekuambia niketi wapi. Umekaa mwenyewe ukatazama kalenda, ukatafuta siku isiyokuwa na watu, ukaniwekea mimi. Na mboga zangu ukaziwekea Jumamosi.

Simaanishi kwamba hunipendi. Najua unanipenda. Wote mnanipenda watu wakiondoka.

Jumatano sitakuja, na masinia sitatengeneza. Kazi hiyo naifanya kila siku kwa watu wasionijua, na wao wananilipa. Kwa ndugu yangu nilitaka kitu kingine. Nilitaka kukaa kwenye benchi, nimevaa, nimeshika sahani, na mtu akiuliza huyu ni nani, ujibu wewe, kwa sauti, huyu ni dada yangu.

Jumamosi hiyo nina mapumziko, nimeshaomba. Musyimi hupita Mwatate kila alfajiri akishuka na kabichi, nyumba yako anaijua. Mpe neno moja tu, njoo. Akinifikishia nitapanda naye anaporudi, nitakaa pale utakaponiweka, hata mwisho kabisa, na Baba akiondoka kwa ajili yangu nitaomba radhi mimi. Kama huwezi, usimpe neno lolote, na usitafute maneno mazuri ya kuniandikia. Nitaelewa.

Nitakuwa stesheni tangu asubuhi.

Dada yako,
Tryphena


Voi,
17 Novemba 1974

Wakesho,

Musyimi alifika jana akashusha kabichi. Nilimsogelea, nikamsaidia hata kushika kamba. Nilimwuliza kama amepita kwako. Akasema ndiyo, ulikuwa nje unafagia, ukamsalimu vizuri, ukamwuliza habari za barabara. Nikamwuliza kama umempa salamu zozote za kuleta Voi. Akafikiri, akasema hapana, hana kitu.

Alitaka kunipakia. Nilimwambia nilikuwa napita tu.

Usiniandikie kwa sasa. Nikiweza, nitaandika mimi. Natumaini nyumba ilibarikiwa vizuri, na watu walikula wakashiba.

Tryphena